Semina ya balehe kwa wazazi na watoto: mafunzo mazuri yanayofika yakiwa yamechelewa

Kwa Jumamosi sita mfululizo nimehudhuria, pamoja na binti yangu mwenye umri wa miaka 12 na mtoto wa kaka yangu mwenye miaka 13, semina ya balehe inayoendeshwa na kampuni binafsi kwa ajili ya wazazi na watoto wao. Sitaitaja kampuni hiyo kwa jina, kwa sababu baadhi ya niliyoyaona nataka kuyasema bila kumharibia mtu riziki, na kwa sababu semina za namna hii sasa zimekuwa nyingi na zinafanana sana, hivi kwamba mzazi anayetafuta atakutana ama na hiyohiyo ama na ndugu yake. Kila kikao huchukua saa mbili. Cha kwanza na cha mwisho huwakutanisha wazazi na watoto, na vinne vya katikati ni vya watoto peke yao, ingawa mzazi anayependa huruhusiwa kukaa nyuma kabisa ya chumba kwa sharti la kutofungua mdomo. Nami nilikaa, na sikuufungua. Ada hujumuisha kitabu cha mazoezi, kifuko cha vifaa vya hedhi ambacho hupewa kila mtoto, awe wa kike au wa kiume, na programu ya simu ya kufuatilia mabadiliko ya mwili.

Nieleze kwanza kipimo nilichokwenda nacho. Mimi somo hili nilifundishwa mara moja tu maishani, kwa muda usiozidi dakika arobaini, nikiwa na umri wa miaka 14. Wavulana walitolewa nje wakacheze mpira, madirisha yakafungwa, na mwalimu akakunjua ukutani mchoro wa mji wa mimba ambao ulifanana zaidi na kichwa cha mbuzi mwenye pembe kuliko kitu chochote nilichodhani ninacho tumboni. Alituambia kwamba msichana akishavunja ungo amekuwa mtu mzima, kwamba tukae mbali na wavulana, na kwamba tuwe wasafi. Hili la usafi alilirudia mara nyingi. Hakuna aliyeuliza swali. Mimi nilikuwa nimevunja ungo zaidi ya mwaka mmoja kabla ya siku hiyo, nikiwa nimejifungia chooni na nikiamini kabisa kwamba kuna kitu kimepasuka ndani yangu na kwamba nikimweleza mama nitaulizwa nilikuwa ninafanya nini. Somo lilipofika, mwili wangu ulikuwa umeshatangulia. Kwa hiyo nilipoingia katika semina hii nilitaka kujua jambo moja kabla ya mengine yote: je, mafunzo yanamfikia mtoto kabla ya tukio lenyewe, au yanamkuta ameshatoka upande wa pili?

Mwezeshaji ni mama wa makamo ambaye aliwahi kuwa muuguzi, na alifanya jambo ambalo sikulitarajia. Nusu nzima ya kikao cha kwanza aliitumia kutueleza sisi wazazi jinsi somo lenyewe lilivyobadilika, ili, kama alivyosema, kila mmoja atambue woga aliorithi ulitoka wapi. Alianza na karne ya 18, wakati daktari wa Uswisi aitwaye Samuel-Auguste Tissot alipoandika kwamba punyeto hudhoofisha mwili, huharibu macho na kumbukumbu, na mwishowe huweza kuua. Madaktari wenzake waliipokea dhana hiyo kwa uzito wote, na vijana waliendelea kutishwa kwayo kwa zaidi ya miaka 100 baadaye. Akaja kwenye mwanzo wa karne ya 20, wakati kaswende na kisonono vilikuwa vinawaangusha vijana na penisilini ilikuwa bado haijapatikana, hata majeshi ya Vita vya Kwanza vya Dunia yakalazimika kuwahubiria askari wao kuhusu magonjwa hayo. Mwaka 1913 Ella Flagg Young, aliyekuwa msimamizi wa shule za Chicago nchini Marekani, aliingiza mihadhara ya somo hili katika shule za sekondari za mji huo, na upinzani ulikuwa mkali kiasi kwamba mpango wake ulizimika muda mfupi baadaye. Mihadhara hiyo ilipita kwa jina la usafi, kwani hapakuwa na jina jingine ambalo lingekubalika hadharani.

Hapo nilitabasamu peke yangu, kwa kuwa nilimkumbuka mwalimu wangu na msisitizo wake wa usafi. Kumbe hakuutunga yeye. Alikuwa amekabidhiwa pazia lililoshonwa miaka mingi kabla hajazaliwa, na yeye akalining'iniza mbele yetu bila kujua lilikusudiwa kuficha nini.

Sehemu iliyowashangaza wengi ni ile ya mwaka 1946, pale kampuni ya Walt Disney ilipotengeneza filamu fupi ya katuni kuhusu hedhi, kwa udhamini wa watengenezaji wa pedi za Kotex, na filamu hiyo ikaonyeshwa kwa vizazi vya wasichana katika shule za Marekani. Mwezeshaji aliisifu kwa haki. Ilieleza kazi ya homoni na ya tezi ya pituitari kwa lugha nyepesi, na iliwaambia wasichana kwamba wakiwa mwezini wanaweza kuoga na kufanya mazoezi, mambo ambayo wengi wao walikuwa wamekatazwa. Hata hivyo, tendo lenyewe linaloleta mimba halikuguswa, na damu ndani ya mji wa mimba ilichorwa nyeupe. Zaidi ya hapo, kwa miongo mingi baadaye, matangazo ya pedi yaliendelea kuonyesha maji ya buluu yakimiminwa, kana kwamba mwanamke hutoka wino.

Maelezo hayo ya rangi hayakuwa porojo, kwani katika kikao cha pili yalirudi mezani kwa vitendo. Mwezeshaji aliziweka pedi mbili mbele ya watoto, ya kwanza akaimiminia maji ya buluu na ya pili maji aliyoyatia rangi nyekundu iliyokolea, kisha akawauliza ni ipi kati ya hizo wamewahi kuiona kwenye televisheni na ni ipi watakayoiona maishani. Mvulana mmoja wa mstari wa mbele alirudisha kiti chake nyuma kwa kishindo. Mtoto wa kaka yangu, ambaye nyumbani hukaa kimya hata akiulizwa amelalaje, alinyoosha mkono na kuuliza kama damu inayotoka huwa ndoo nzima. Watoto walicheka, lakini mwezeshaji hakucheka. Alichukua kijiko cha mezani na glasi tupu, akapima vijiko viwili, akaongeza cha tatu, akaiinua glasi ili wote waione, na kusema kwamba kwa wanawake walio wengi hicho ndicho kiasi cha siku zote za hedhi kwa pamoja, kati ya mililita 30 na 45 hivi, na kwamba ikizidi mililita 80 ni vyema kumwona daktari. "Ndiyo hiyo tu?" kijana wetu aliuliza, na nilimsikia katika sauti yake kitu kama nafuu. Nimeishi na hedhi kwa zaidi ya miaka 25 na sikuwahi kuona kiasi chake kikipimwa kwa kijiko. Kwa glasi ile peke yake ningelipa ada mara ya pili.

Uamuzi wa kuwaweka wavulana na wasichana katika chumba kimoja kwa mada karibu zote nauunga mkono kwa moyo wote, na vilevile ule wa kumpa kila mvulana kifuko chenye pedi. Kijana wetu alikitupa chake kwenye kiti cha nyuma cha gari siku ya kwanza kwa hasira. Kufikia wiki ya tatu nilimkuta amekifungua na anasoma maelekezo ya karatasi ya ndani kwa makini ya mtu anayesoma mwongozo wa redio. Pedi zenyewe ni za ubora wa wastani, na gundi yake hushika vizuri. Wasomaji vijana huenda wasijue kwamba hadi kufikia miaka ya 1970 wanawake walio wengi waliozitumia walilazimika kuzifunga kwa mkanda na pini.

Lakini moyo wa semina hii ni sanduku la maswali. Ni sanduku la kadibodi lenye tundu juu, halina urembo wowote, na kanuni yake ni kwamba mwisho wa kila kikao kila mtoto lazima atumbukize karatasi iliyokunjwa, hata kama haina neno, ili asiwepo anayeweza kujua nani ameuliza na nani hakuuliza. Kanuni ndogo kama hiyo inaonyesha kwamba aliyeitunga anawajua watoto. Maswali yanasomwa mwanzoni mwa kikao kinachofuata, na kikao hupangwa upya kulingana nayo. Zamani mambo yalikwenda kinyume: watu wazima waliamua ni maswali gani kijana anapaswa kuwa nayo, wakayajibu kwa niaba yake, na yale aliyokuwa nayo kweli akabaki nayo.

Katika kikao cha tatu ilisomwa karatasi iliyosema, kwa mwandiko ambao mwezeshaji alipata tabu kuusoma, kwamba titi la kushoto la mwandishi wake limevimba na linauma, naye ni mvulana, na anataka kujua kama ana saratani au anageuka kuwa msichana. Chumba kilinyamaza. Mwezeshaji alieleza kwa sauti ileile aliyoitumia kwa mambo mengine yote kwamba hali hiyo huwapata takribani nusu ya wavulana wanapobalehe, kwamba husababishwa na homoni ambazo bado hazijapata mizani yake, kwamba kwa kawaida huisha yenyewe ndani ya miezi kadhaa au hadi miaka 2, na kwamba wa kumwona daktari ni yule ambaye uvimbe wake unaendelea kukua au haupungui baada ya muda huo. Sikujua aliyeandika ni nani, na sikutaka kujua. Nilichokiona kutoka nyuma ya chumba ni mabega ya wavulana watatu yakishuka kwa wakati mmoja.

Sasa niseme kasoro, nazo si chache.

Kitabu cha mazoezi kinahitaji kuandikwa upya. Ukurasa unaohusu mzunguko wa hedhi unatamka bila shaka yoyote kwamba mzunguko ni siku 28, ukiambatana na duara lililogawanywa vizuri kama saa ya ukutani. Kwa wasichana waliotoka tu kuvunja ungo, hilo karibu halipo. Katika miaka ya mwanzo mzunguko wowote kati ya siku 21 na 45 huhesabiwa kuwa wa kawaida, kwa kuwa mayai bado hayapevuki kwa utaratibu. Binti yangu alikuwa amehesabu siku 41 na akafikia hitimisho kwamba ana ugonjwa, aliniambia kwa kunong'ona tukiwa njiani kurudi, "Mama, mimi sipo kwenye duara." Nilipomfuata mwezeshaji, alikiri kosa mara moja na kulirekebisha kwa mdomo mbele ya watoto wote, jambo ninalomshukuru. Kitabu hata hivyo kimebaki na duara lake, na programu ya simu imejengwa juu ya duara hilohilo: siku ya 29 ilimtumia mtoto wa miaka 12 ujumbe wa kumwarifu kwamba amechelewa. Programu hiyo iliomba pia jina kamili, tarehe ya kuzaliwa na jina la shule, bila kueleza taarifa hizo zinahifadhiwa wapi wala nani anaweza kuziona. Niliifuta katika simu yangu na ya kwake siku hiyohiyo, na kumnunulia kalenda ya karatasi.

Kasoro ya pili ni ya lugha. Mdomoni mwezeshaji huita kila kiungo kwa jina lake, uume, uke, korodani, kinembe, na baada ya dakika kumi za kuchekacheka watoto huzoea. Kitabu kinaandika "sehemu za siri" kuanzia jalada hadi jalada, bila kubagua ni sehemu ipi, kana kwamba kuanzia kitovuni hadi magotini ni eneo moja lisilo na mipaka. Naelewa kwamba adabu ya lugha yetu ina thamani yake, na hata mimi mezani siwezi kuyataja majina hayo mbele ya wakwe zangu. Lakini mtoto ambaye hana jina la kiungo hana namna ya kueleza kwamba kinamuuma au kwamba kuna mtu amekigusa, na neno "siri" likiwa ndani ya jina lenyewe linamfundisha kunyamaza kabla hajafundishwa kitu kingine. Katika mchoro wa viungo vya kike, kinembe kimewekwa kama nukta, ilhali tangu mwaka 1998 Helen O'Connell, daktari wa upasuaji wa njia ya mkojo kutoka Australia, alionyesha kwamba sehemu kubwa ya kiungo hicho imo ndani ya mwili na ni kikubwa kuliko kinavyochorwa. Mchoro wa uume katika ukurasa unaotazamana nao hauna upungufu wa namna hiyo.

Wavulana nao wana dai lao. Ukiacha sanduku la maswali, ambalo liliwatendea haki kwa bahati zaidi kuliko kwa mpango, mabadiliko yao yalitengewa nusu tu ya kikao kimoja. Kitabu kinaanza na ndevu na sauti kuwa nzito, mambo ambayo huja baadaye, na kinasahau kwamba dalili ya kwanza kwa mvulana ni kukua kwa korodani, jambo ambalo hakuna mtu mwingine anayeliona na ambalo kwa hiyo yeye ndiye anayehitaji kuambiwa. Ndoto nyevu zimepewa sentensi mbili, ya pili ikiwa ni "Usiwe na wasiwasi." Ningependa kukutana na kijana aliyeacha kuwa na wasiwasi kwa kuambiwa hivyo.

Kikao cha nne, cha magonjwa, kilikuwa dhaifu kuliko vyote. Mwezeshaji alimwachia nafasi daktari mgeni aliyekuja na picha za vidonda, akazionyesha moja baada ya nyingine ukutani kwa karibu saa nzima, na watoto wakatoka wakiwa wamekunja nyuso. Niliutambua mtindo huo. UKIMWI ulipoelezwa kwa mara ya kwanza mwaka 1981, na miaka iliyofuata ikawa ya mazishi kabla dawa madhubuti hazijapatikana, woga wa enzi za kaswende ulirudi madarasani ukiwa na sababu nzito, na nani atawalaumu waliofundisha wakati ule? Nchini Marekani sheria ya mwaka 1996 ilitenga dola milioni 50 kila mwaka kwa mafunzo ya kuwataka vijana wajizuie hadi ndoa. Lakini huu si wakati ule. Daktari wetu hakusema kwamba mtu mwenye VVU anayetumia dawa ipasavyo, na ambaye virusi vyake havionekani tena katika vipimo, hamwambukizi mwenzi wake kwa kujamiiana. Katika chumba chenye watoto 14 yawezekana kabisa kulikuwa na mtoto anayeishi na virusi, au mwenye mzazi anayeishi navyo, na alikaa saa nzima akitazama picha zile.

Kikao cha tano, cha ridhaa na matumizi ya simu, kilirudisha heshima ya semina. Watoto waliigiza jinsi ya kumkatalia mtu anayeomba picha ya mwili, na pia, jambo nililolipenda zaidi, jinsi ya kupokea jibu la "hapana" bila kununa wala kuendelea kubembeleza. Suala la picha za ngono lilizungumzwa kwa dakika chache na kwa uangalifu, ingawa ilidhihirika kwa namna baadhi ya watoto walivyokwepa kutazamana kwamba simu ilikuwa imewafikia kabla ya mwezeshaji.

Na hapo ndipo narudi kwenye kipimo changu. Kampuni haipokei mtoto aliye chini ya miaka 12. Daktari wa Uingereza James Tanner na mwenzake William Marshall, waliofuatilia ukuaji wa watoto kwa miaka mingi na kuchapisha matokeo yao mwaka 1969 kwa wasichana na mwaka 1970 kwa wavulana, waliigawa balehe katika hatua tano ambazo madaktari wanazitumia hadi leo, na moja ya mambo yaliyodhihirika ni jinsi watoto wanavyotofautiana. Msichana huweza kuanza wakati wowote kati ya miaka 8 na 13, na mvulana kati ya 9 na 14, na wote wakawa wazima. Zaidi ya hayo, umri wenyewe umekuwa ukishuka: kumbukumbu za karne ya 19 katika nchi za Ulaya ya kaskazini zinaonyesha wasichana wakivunja ungo wakiwa na miaka 16 au 17, na kufikia katikati ya karne ya 20 umri huo ulikuwa umefika karibu 13, hasa kwa sababu ya lishe na afya bora. Mwili uliongeza mwendo na somo likabaki palepale lilipokuwa limekaa. Mwezeshaji mwenyewe, katika kikao cha pili, aliwaomba wasichana wanane waandike kwenye karatasi bila jina kama wameshavunja ungo. Karatasi sita zilisema ndiyo. Basi glasi ile nzuri ya vijiko vitatu iliwafikia wasichana wawili tu kabla ya wakati.

Hoja ya kusubiri hadi 12 ilitoka kwa wazazi, na niliisikia kwa masikio yangu katika kikao cha kwanza. Baba mmoja mtu mzima alisimama na kusema kwa upole, "Mwalimu, utanisamehe, lakini hawa bado ni watoto. Hamuoni kwamba mnawafungua macho?" Mwezeshaji alimjibu kwa heshima ileile: "Mzee wangu, macho yao yako wazi siku nyingi. Sisi tunawaeleza wanachokitazama." Angeweza kumwongezea kwamba UNESCO, iliyotoa mwongozo wa kimataifa wa elimu hii mwaka 2009 na kuurekebisha mwaka 2018, ilipitia tafiti nyingi na kukuta kwamba mafunzo haya hayawaharakishi vijana kuanza ngono, kwamba mwongozo huo unapanga mafunzo kuanzia umri wa miaka 5, kwa mambo yanayolingana na umri huo, na kwamba sehemu kubwa ya mafunzo ya balehe imewekwa humo kwa watoto wa miaka 9 hadi 12. Uswidi ililifanya somo hili kuwa la lazima shuleni tangu mwaka 1955, na mabishano ya wazazi huko hayakuwa madogo kuliko yetu. Hata chanjo ya HPV, inayokinga saratani ya mlango wa kizazi, Shirika la Afya Duniani hupendekeza ipewe wasichana kuanzia miaka 9, kwa sababu hiyohiyo ya kutangulia. Inakuwaje sindano imtangulie mtoto, na maelezo ya sindano hiyo inakinga nini yamfuate miaka mitatu nyuma?

Kwa mzazi mwenye mtoto wa miaka 12 au 13 ambaye hajaambiwa lolote, naipendekeza semina hii, mradi akae nyuma ya chumba, asahihishe kitabu kwa kalamu, na asiipakue programu. Mwezeshaji yule anastahili kitabu bora kuliko alichopewa. Kikao cha magonjwa mtoto akikikosa hatapungukiwa na kitu.

Binti yangu wa pili ana miaka 9, na mwezi uliopita alilalamika kwamba kifua kinamuuma akilala kifudifudi. Niliiandikia kampuni nikiomba apokelewe katika awamu ijayo, nikieleza sababu zote hizo. Walinijibu kwa adabu siku ya pili yake kwamba wameliweka jina lake kwenye orodha, na kwamba nafasi yake itakuwa tayari baada ya miaka mitatu.